Uchaguzi ulikuwa shwari, je, fomu za matokeo ziko wapi?

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua nizungumzie namna magazeti yetu, hili likiwemo, yanavyoripoti chaguzi za dunia. Habari zenyewe zinafanana: wananchi wamejitokeza kwa wingi, foleni zilianza alfajiri, hali ni shwari, mshindi ametangazwa kwa asilimia kadhaa. Msomaji akimaliza kusoma hajui kama watu wa nchi hiyo wamechagua au wamechaguliwa. Siku hizi hilo ni pengo kubwa, kwa sababu karibu kila mtawala wa kiimla anaitisha uchaguzi. Belarus wanapiga kura, Urusi wanapiga kura, Nicaragua wanapiga kura. Kuwepo kwa sanduku la kura peke yake hakutuambii kitu. Kinachotuambia ni mambo machache yanayotokea miezi au miaka kabla ya kura, na mengine saa chache baada ya vituo kufungwa. Yote yana tarehe, idadi na nyaraka, na hayo ndiyo ninayoomba gazeti liyachape.

Kwanza hali ilivyo. Taasisi ya V-Dem ya Chuo Kikuu cha Gothenburg, Sweden, katika ripoti yake ya 2025 ilihesabu nchi 91 za utawala wa kiimla na 88 za kidemokrasia. Kwa zaidi ya miaka 20 upande wa kwanza haukuwahi kuwa mkubwa kuliko wa pili, na asilimia 72 ya watu wote duniani walikuwa wakiishi chini ya tawala za kiimla. Freedom House ya Marekani nayo ilisema mwaka huohuo kwamba uhuru umeshuka kwa mwaka wa 19 mfululizo. Namba hizi hunukuliwa sana, lakini ni nadra mwandishi kueleza zimepatikanaje. Freedom House huuliza maswali 25, kila moja likiwa na alama 0 hadi 4: maswali 10 ya haki za kisiasa yenye jumla ya alama 40, na 15 ya uhuru wa raia yenye alama 60. V-Dem hukusanya majibu ya maelfu ya wataalamu wa nchi mbalimbali, kisha hurekebisha kwa hesabu za kitakwimu ili mtaalamu mkali na mtaalamu mpole wasiharibu mizani. Kote huko kinachopimwa ni maoni ya watu wenye ujuzi. Kwa hiyo nchi ikishuka alama moja au mbili kwa mwaka, hilo si la kuandikia kichwa cha habari. Ikishuka alama kumi kwa miaka mitatu, hapo kuna jambo, na swali la mwandishi liwe hili: ni maswali yapi kati ya yale 25 yaliyoshusha alama? Jumla huficha. Nchi inaweza kupanda katika usalama wa raia huku ikianguka kabisa katika uhuru wa mahakama, na jumla isitikisike sana.

Demokrasia huvunjwa kwa njia mbili, ya bunduki na ya sheria. Njia ya bunduki haihitaji maelezo marefu. Tangu 2020 wanajeshi wametwaa madaraka Mali (mara mbili), Guinea, Sudan, Burkina Faso (mara mbili), Niger, Gabon na Myanmar, na mwishoni mwa 2025 Madagascar na Guinea-Bissau. Hapa cha kufuatilia ni tarehe ya uchaguzi iliyoahidiwa. Mali iliahidi Februari 2022, ikapita. Ikaahidi Februari 2024, nayo ikapita. Mei 2025 vyama vya siasa vikavunjwa, na Julai mwaka huo Jenerali Assimi Goïta akapewa miaka mitano inayoweza kuongezwa bila kura yoyote. Burkina Faso muda wa mpito uliotakiwa kwisha Julai 2024 uliongezwa miaka mitano. Gabon walipiga kura Aprili 2025, na aliyeongoza mapinduzi akashinda kwa zaidi ya asilimia 90. Ahadi hizi zinapotolewa huandikwa ukurasa wa kwanza. Zinapovunjwa huwekwa kona ya ukurasa wa 14. Hilo liko ndani ya uwezo wa mhariri kulirekebisha.

Njia ya sheria ndiyo inayotupita machoni. Huko hakuna kifaru barabarani wala tangazo la redioni saa kumi alfajiri. Kuna muswada, kura ya bunge, saini na gazeti la serikali, na kila hatua ukiitazama peke yake inaonekana ya kawaida. Karibu kila mahali huanzia mahakamani, kwa sababu nzuri tu kwa anayetaka kutawala bila ukomo: mgombea akienguliwa atakwenda mahakamani, gazeti likifungiwa litakwenda mahakamani, matokeo yakipingwa yatakwenda mahakamani. Ukishaipata mahakama, mengine yote yanakufuata yenyewe.

Hungary ndiyo darasa kamili. Mwaka 2010 chama cha Fidesz cha Viktor Orbán kilipata zaidi kidogo ya nusu ya kura, lakini mfumo wa uchaguzi ukakipa zaidi ya theluthi mbili ya viti. Katiba ya wakati ule iliweza kubadilishwa kwa theluthi mbili, isipokuwa kifungu kimoja kilichotaka wabunge wanne kwa kila watano wakubaliane kuhusu taratibu za kuandika katiba mpya. Basi wakakifuta kifungu hicho chenyewe kwa theluthi mbili. Tangu hapo mlango ulikuwa wazi. Utaratibu wa kuteua majaji wa Mahakama ya Katiba, ambao awali ulilazimisha vyama kuelewana, ukawekwa mikononi mwa wenye wabunge wengi. Mahakama ilipobatilisha sheria ya kodi, ikapokonywa mamlaka juu ya masuala mengi ya bajeti na kodi. Majaji wakaongezwa kutoka 11 hadi 15. Kisha umri wa majaji wote nchini kustaafu ukashushwa kutoka miaka 70 hadi 62, na zaidi ya majaji 200, wakiwemo wakuu wa mahakama, wakatakiwa kuondoka. Mahakama ya Ulaya iliamua Novemba 2012 kwamba hatua hiyo ilivunja sheria, lakini nafasi zilikuwa zimeshajazwa. Uamuzi ulikuja ukakuta watu wengine wamekalia viti. Hilo ndilo kosa linalojirudia: haki inayofika baada ya mwaka mmoja na nusu haina cha kurudisha.

Na bunge je? Viti vilipunguzwa kutoka 386 hadi 199 na mipaka ya majimbo ikachorwa upya na chama hichohicho. Mwaka 2014 Fidesz ilipata kama asilimia 45 ya kura na viti 133 kati ya 199, yaani theluthi mbili tena.

El Salvador walifanya kazi hiyo kwa haraka zaidi. Februari 2021 chama cha Rais Nayib Bukele kilishinda viti 56 kati ya 84. Bunge jipya liliapishwa Mei 1, na siku hiyohiyo likawafukuza majaji wote watano wa Chemba ya Katiba ya Mahakama ya Juu pamoja na mwanasheria mkuu, likaweka wengine. Septemba, majaji hao wapya wakaamua kwamba rais anaweza kugombea tena mfululizo, jambo ambalo katiba ilikuwa ikisomwa miaka yote kwamba imelikataza. Mwaka 2023 viti vya bunge vikapunguzwa hadi 60 na manispaa kutoka 262 hadi 44, miezi michache kabla ya uchaguzi. Julai 2025 ukomo wa mihula ukafutwa kabisa na muhula ukaongezwa kutoka miaka mitano hadi sita.

Najua wasomaji watasema: lakini watu wake wanampenda. Ni kweli, na tusilizunguke. Magenge yalikuwa yamewatesa Wasalvador kwa miaka mingi na mauaji yameshuka sana. Ila hali ya hatari iliyotangazwa Machi 2022 kwa siku 30 imekuwa ikiongezwa mwezi hadi mwezi, watu zaidi ya 80,000 wamekamatwa, na serikali yenyewe imekubali kwamba baadhi yao hawakuwa na hatia, ikawaachia maelfu. Mama ambaye mwanawe amekamatwa kimakosa anahitaji mtu mmoja tu asiyeteuliwa na waliomkamata. Huyo ndiye aliyeondolewa Mei 1, 2021.

Tunisia inatufundisha kosa la upande mwingine, la wenye nia njema. Katiba ya 2014 ilitaka Mahakama ya Katiba yenye majaji 12: wanne wateuliwe na bunge, wanne na baraza la mahakama, wanne na rais. Bunge lilihitaji theluthi mbili kwa kila jina, vyama vikavutana miaka na miaka, na kwa muda wote huo likafanikiwa kumpata mmoja tu. Julai 25, 2021 Rais Kais Saied aliposimamisha bunge, hakukuwa na mahakama ya kumwambia kama katiba inamruhusu au la. Kiti kilikuwa kitupu. Mwaka uliofuata alivunja Baraza Kuu la Mahakama na kuwafukuza majaji 57 kwa amri moja. Demokrasia changa inayoahirisha kuunda mahakama yake kwa sababu ya ugomvi wa vyama inamwachia mtu wa baadaye nafasi wazi, na hakuna haja ya kumjua mtu huyo ni nani ili kuliona hilo.

Kwa hiyo mwandishi anapopata muswada wa mahakama wa nchi yoyote, aangalie mambo manne. Idadi ya majaji inabadilika? Umri wa kustaafu unabadilika, na unawagusa waliopo sasa au wajao tu? Kura zinazohitajika kumteua jaji zimeshushwa? Kuna aina ya kesi inayoondolewa mikononi mwao? Muswada wenye mambo mawili kati ya haya unastahili ukurasa wa kwanza hata kama kichwa chake kinasema “maboresho ya utumishi”.

Hatua inayofuata ni kuwachagulia wananchi watakaochaguliwa. Nicaragua, kabla ya uchaguzi wa Novemba 2021, watu saba waliotangaza nia ya kugombea urais walikamatwa. Njia ya makaratasi ina kelele ndogo zaidi. Cambodia, Mei 2023, tume ilikikatalia chama cha Candlelight kushiriki kwa sababu kilileta nakala ya cheti cha usajili na si cheti halisi. Chama kilieleza kwamba cheti halisi kilipotea polisi walipovamia ofisi mwaka 2017, na nakala hiyohiyo ilikubaliwa katika uchaguzi wa kata wa 2022. Chama tawala kikachukua viti 120 kati ya 125. Tunisia, 2024, Mahakama ya Utawala iliamuru wagombea watatu warudishwe, tume ikakataa, na siku tisa kabla ya kura bunge likaiondolea mahakama hiyo mamlaka juu ya kesi za uchaguzi. Saied akashinda kwa asilimia 90.7, waliojitokeza wakiwa chini ya asilimia 30. Tanzania, Aprili 2025, CHADEMA iliyokuwa ikidai mabadiliko ya sheria kwanza ilizuiwa kushiriki kwa kutosaini kanuni za maadili ya uchaguzi, na Oktoba mshindi akatangazwa kwa karibu asilimia 98. Ukiacha Nicaragua, sababu zilikuwa za makaratasi na taratibu, na hapo swali la mwandishi ni moja: sharti hili lilitumika vilevile kwa vyama vyote, na uchaguzi uliopita lilitumikaje?

Sasa nije kwenye hesabu yenyewe, maana hapa ndipo magazeti yana nguvu kuliko yanavyojidhania.

Matokeo ya nchi nzima hayazaliwi makao makuu ya tume. Yanazaliwa kituoni. Asubuhi sanduku hufunguliwa mbele ya mawakala waone ni tupu, hufungwa kwa lakiri, na namba za lakiri huandikwa. Msimamizi hurekodi karatasi za kura alizopokea. Jioni hesabu tatu lazima zikubaliane. Karatasi zilizopokelewa ziwe sawa na zilizotumika, zilizoharibika na zilizobaki zikijumlishwa. Karatasi zilizomo sandukuni zisizidi majina yaliyotiwa alama kwenye daftari. Na kura za wagombea pamoja na zilizokataliwa ziwe sawa na karatasi zilizomo sandukuni. Ndipo fomu ya matokeo hujazwa kwa tarakimu na kwa maneno, mawakala husaini, kila mmoja huondoka na nakala, na nakala nyingine hubandikwa mlangoni. Baada ya hapo fomu husafiri kwenda kwenye majumuisho, na huko njiani ndiko kura huzaana.

Huenda vibaya namna gani? Mawakala hutolewa nje kabla ya kuhesabu kwa kisingizio cha usalama au umeme. Au hubaki, wakasainishwa fomu tupu ili “waharakishe”. Au hunyimwa nakala wakaambiwa mashine imeisha karatasi. Au fomu hufika kwenye majumuisho ikiwa na tarakimu iliyofutwa na kuandikwa upya. Au, na hii ndiyo kubwa, tume hutangaza jumla ya jimbo au ya nchi bila kuonyesha mchanganuo wa vituo, kwa hiyo mwenye nakala yake mkononi hana cha kulinganisha nayo. Ukomo wote wa wizi unategemea hapa. Mchanganuo ukichapwa, kila wakala wa kila kijiji anakuwa mkaguzi. Usipochapwa, hata mawakala 50,000 waaminifu hawana kazi.

Venezuela, Julai 28, 2024, ni mfano wa kuutazama kwa karibu. Tume ilisoma matokeo ya awali: Nicolás Maduro kura 5,150,092, Edmundo González 4,445,978, wengine wote 462,704. Jumla ni 10,058,774. Chukua simu, fungua kikokotoo, zidisha jumla hiyo kwa 0.512. Utapata 5,150,092.288. Zidisha kwa 0.442, utapata 4,445,978.108. Zidisha kwa 0.046, utapata 462,703.604, ambayo ukiipeleka kwenye namba nzima iliyo karibu inakuwa 462,704. Yaani asilimia 51.2, 44.2 na 4.6 kamili, bila kura moja kupungua wala kuzidi. Kura halisi haziji hivyo. Kutoka asilimia 51.2 hadi 51.3 kuna nafasi ya kura zaidi ya 10,000, na kura za mgombea zinaweza kuangukia popote kati yake. Kuangukia kwenye moja ileile inayotoa desimali moja kamili ni bahati ya mara moja katika 10,000. Wagombea wawili kwa mpigo ni mara moja katika milioni 100. Maelezo ya karibu zaidi ni kwamba asilimia zilikuwepo kwanza na kura zikatafutwa baadaye. Hata tukimpa mtangazaji udhuru wote, kwamba aliletewa asilimia na jumla tu akakokotoa mengine, bado maana yake ni kwamba namba alizosoma hazikutokana na kujumlisha vituo.

Sheria ya Venezuela inataka matokeo ya kila kituo yachapwe. Hayakuchapwa, tume ilisema mfumo wake umedukuliwa. Lakini mashine za kura za nchi ile, zaidi ya 30,000, huchapa kila moja fomu ndefu kama risiti, yenye saini na msimbo wa QR, na mawakala hupewa nakala. Upinzani ulikuwa umewafunza mawakala wake kutoondoka bila nakala hiyo. Ndani ya siku chache waliweka mtandaoni picha za fomu za zaidi ya asilimia 80 ya mashine, zikionyesha González kapata karibu asilimia 67. Mahakama ya Juu ikamthibitisha Maduro mwezi Agosti bila kuchapa fomu hata moja. Ni mahakama ileile iliyoongezwa majaji kutoka 20 hadi 32 mwaka 2004, na ndiyo maana nimeanza na mahakama kabla ya kura.

Malawi fomu zilifanya kazi yake. Matokeo ya Mei 2019 yalipopingwa, mahakama ilikuta fomu zilizofutwa kwa wino mweupe wa Tipp-Ex na kuandikwa upya, na Februari 3, 2020 majaji watano waliofika mahakamani chini ya ulinzi wa jeshi wakabatilisha uchaguzi. Ulirudiwa Juni, aliyekuwa wa pili akashinda kwa karibu asilimia 59. Na mwaka 2025 aliyeshindwa wakati ule, Peter Mutharika, akarudi madarakani kwa kura.

Kenya ina vyote viwili, kushindwa na kufaulu. Agosti 2017 tume ilitangaza mshindi kabla haijapokea fomu zote za 34A za vituo, na ilipoamriwa na mahakama kufungua seva zake haikutii kikamilifu. Septemba 1 Mahakama ya Juu ikabatilisha matokeo, mara ya kwanza Afrika kwa uchaguzi wa rais. Mwaka 2022 tume ikaweka fomu za karibu vituo vyote 46,229 kwenye tovuti, kila mtu azione. Makamishna wanne kati ya saba waliyakana matokeo, lakini fomu zilikuwa hadharani na mahakama ililinganisha fomu halisi na za tovuti ikazikuta zinafanana. Mgogoro wa makamishna haukuwa na pa kushika.

Hata hivyo vyombo vya habari vya Kenya viliteleza mwaka huo kwa jambo ambalo gazeti lako linaweza kulikwepa. Kila kituo cha televisheni kilipakua fomu kwa mpangilio wake, kimoja kikianza na mikoa hii, kingine na ile. Usiku huohuo skrini moja ilionyesha huyu anaongoza na nyingine yule. Watu wakadhani kuna udanganyifu, kumbe ni mpangilio tu. Dawa yake ni sampuli. Vituo 1,000 au 1,500 vikichaguliwa kwa bahati nasibu kutoka orodha nzima kabla ya siku ya kura, mara nyingi hutoa matokeo yenye kosa la asilimia moja hadi mbili, iwe nchi ni ndogo au kubwa, kwa kuwa usahihi unatokana na ukubwa wa sampuli na si wa nchi. Waangalizi wa ndani wa Zambia walifanya hivyo mwaka 2021 na hesabu yao ikaafikiana na ushindi wa Hakainde Hichilema. Hesabu sambamba za aina mbalimbali ndizo zilizowabana watawala wa Ufilipino mwaka 1986 na wa Chile mwaka 1988. Inaharibika pale vituo vya mbali visipotuma taarifa na mtu akaamua kuvibadilisha na vya karibu na barabara: hapo sampuli imekufa, hata ikiwa na vituo 5,000. Na ikumbukwe inachopima ni hesabu tu. Haijui kama mgombea fulani alienguliwa, wala kama daftari lina marehemu.

Palipo na mchanganuo wa vituo hata udanganyifu wa kale huonekana. Urusi huchapa matokeo ya vituo, na wanatakwimu wameonyesha vituo vingi mno vikiangukia asilimia zinazoishia na 0 au 5, kama 75 au 80, jinsi mtu anavyokisia namba kichwani. Mwaka 2021 tovuti ya tume ikaanza kuonyesha tarakimu kwa herufi zilizovurugwa, ambazo ukizinakili unapata takataka. Anayeficha namba asizinakili mtu anajua zinasema nini.

Nisiache picha kwamba kila mahali kumeharibika. Senegal, Februari 2024, Rais Macky Sall aliahirisha uchaguzi na bunge likausogeza hadi Desemba. Baraza la Katiba likabatilisha ndani ya siku kumi na mbili, kura zikapigwa Machi 24, na Bassirou Diomaye Faye aliyetoka gerezani siku kumi kabla akashinda kwa asilimia 54. Korea Kusini, usiku wa Desemba 3, 2024, Rais Yoon Suk Yeol alitangaza sheria ya kijeshi. Katiba yao ina sentensi fupi: wabunge walio wengi wakitaka iondolewe, rais lazima aiondoe. Wabunge 190 kati ya 300 waliingia bungeni, wengine kwa kuruka ukuta, wakapiga kura zote za ndiyo, na kabla ya kupambazuka amri ikafutwa. Mahakama ya Katiba ikamwondoa kwa kauli moja Aprili 4, 2025. Tofauti ya nchi hizi na Tunisia ni kwamba palikuwa na chombo kilichokamilika, chenye muda mfupi wa kuamua, na kifungu kisichohitaji kufasiriwa.

Kukarabati ni kazi nyingine, na Poland inaonyesha ugumu wake. Wapiga kura walifika asilimia 74 Oktoba 2023 na serikali ikabadilika. Lakini maelfu ya majaji walikuwa wameteuliwa kupitia baraza lililoundwa upya mwaka 2018 kwa namna ambayo mahakama za Ulaya zimeikosoa. Ukiwaondoa wote, hukumu walizotoa za talaka, mirathi na madeni zinakuwaje? Ukiwaacha, umehalalisha namna walivyoingia. Na marais, aliyekuwepo wakati huo na aliyemfuata 2025, wamekuwa na kura ya turufu ya kuzuia sheria mpya. Suala hili msomaji wa Kiswahili hajawahi kusimuliwa ipasavyo, wakati nchi nyingi zitalifikia.

Ombi langu kwa gazeti, basi, ni la kazi za mikono. Kila uchaguzi wa nchi ya nje mnaouandika, wekeni kijisehemu chenye majibu haya: nani aliwateua wajumbe wa tume na nani anaweza kuwafukuza; nani alizuiwa kugombea na kwa karatasi gani; sheria ya viti au ya mahakama ilibadilishwa lini mara ya mwisho; wagombea wana siku ngapi za kupinga na mahakama siku ngapi za kuamua; je, matokeo ya kila kituo yamechapwa, na saa ngapi baada ya kutangazwa mshindi. Hili la mwisho likijibiwa “hapana”, liandikwe kwenye aya ya kwanza pamoja na asilimia za mshindi, kisha mrudi kuuliza baada ya siku tatu, wiki na mwezi. Na pale fomu zinapopatikana, chapeni picha ya fomu moja nzima, namba ya kituo, tarakimu, maneno na saini vikisomeka, ili msomaji aijue kwa sura siku atakapoikuta imebandikwa mlangoni pa kituo chake.

Wasalaam,
Msomaji